Kabla Ukubali Kazi ya Mhesh, Msome Priya Ramrakha

Wiki jana nilipigiwa simu na msee anayetaka kusimama MCA huku kwetu Kawangware. Anataka nimpige picha mpaka 2027: kila mkutano, kila harambee, kila matanga. Doh si mbaya, na rent mnajua inavyosumbua. Lakini kabla tukubaliane akasema, "Kwanza zile picha zako za mtaro uliofurika, zitoe. Zinaharibia watu wetu jina." Halafu akacheka: "Na wewe pia siku moja utasimama. Una kamera, una watu."

Nikamwambia nitamrudia. Usiku huo nikaanza kusoma upya kuhusu Priya Ramrakha. Kama hujawahi kumsikia, usijali. Mimi pia shuleni sikuwahi kuambiwa habari zake.

Priya alizaliwa hapa Nairobi mwaka 1935, katika familia ya Wahindi wa Kenya. Kwao siasa haikuwa ya kuomba kura, ilikuwa ya gazeti. G. L. Vidyarthi, mmoja wa wazee wa familia hiyo, alianzisha Colonial Times mwaka 1933. Gazeti hilo liliikosoa serikali ya kikoloni mpaka mwenyewe akafungwa kwa kosa la uchochezi. Yaani Priya alikua akijua kabisa kwamba kusema ukweli kunaweza kukupeleka jela. Na bado akashika kamera na kuanza kulipigia gazeti hilo picha.

Hebu fikiria Nairobi aliyokuwa akiipiga. Mzungu na mtaa wake, Mhindi na wake, Mwafrika na wake. Kwa miaka mingi mwanamume Mwafrika alitembea na kipande chenye alama za vidole, kimening'inia shingoni kama kengele ya mbuzi. Oktoba 1952 Hali ya Hatari ikatangazwa. Aprili 1954 Waingereza wakauzingira mji kwa operesheni iliyoitwa Anvil, wakazoa maelfu kwa maelfu ya watu, wengi wao Wakikuyu, Waembu na Wameru, na kuwapeleka kambini.

Serikali ilikuwa na picha zake pia, na kwenye nyingi ya hizo mpigania uhuru alionyeshwa kama mnyama wa msituni. Priya, kijana wa umri wetu tu, alikuwa anaupiga mji huohuo akiwa amesimama upande mwingine. Kwake unaona watu wenye sura na wenye hofu, na viongozi waliokuwa wanadai nchi yao.

Baadaye akaenda kusomea upigaji picha Los Angeles. Akiwa Marekani alipiga picha za vuguvugu la Weusi la kudai haki, akiwemo Martin Luther King. Akawa kati ya Waafrika wa kwanza kufanyia kazi jarida la Life. Kenya ilipopata uhuru 1963, alikuwa amerudi nyumbani kuunasa. Tarehe 2 Oktoba 1968 alipigwa risasi Nigeria akiwa kwenye vita vya Biafra. Alikuwa na miaka 33.

Hakuwahi kusimama kiti chochote. Lakini niambie, wangapi kati ya waheshimiwa wa 1963 unawakumbuka kwa sura? Wengine tunawaona leo kwa sababu kuna mtu kama Priya aliyesimama mbele yao na kamera.

Sasa hapa ndipo panaponiuma. Maelfu ya picha na negativu zake zilikaa miaka na miaka kwenye gereji moja hapahapa Nairobi, mpaka Shravan Vidyarthi wa ukoo huohuo alipozifuatilia. Kitabu cha picha hizo kilitoka 2018, miaka 50 baada ya kifo chake. Gereji ingeshika moto, au mtu angeamua tu kufagia takataka, hiyo historia yote ingeisha hivyo.

Najua mtaniambia kuna njia nyingine. Boniface Mwangi alipiga picha za vurugu za baada ya uchaguzi wa 2007, akazitembeza mitaani kwa maonyesho ya Picha Mtaani, na 2017 akagombea ubunge Starehe. Akashindwa na Jaguar, mwanamuziki. Sisemi alikosea kujaribu. Ninachosema ni kwamba kura zilipomkataa, picha za 2007 hazikupungua nguvu. Alikuwa hajazifuta ili apendwe.

Kuna shosho mmoja Mnubi wa Makina, Kibera, aliyewahi kunifungulia mkebe wa biskuti uliojaa picha za zamani. Unajua Wanubi waliwekwa Kibra na Waingereza wakiwa askari wa KAR, miaka ya mwanzo ya 1900, halafu wakaitwa wageni kwa zaidi ya miaka 100. Hati ya jamii, ya ekari 288, ilikuja 2017. Shosho alinionyesha picha ya babake akiwa mbele ya nyumba, akasema, "Mjukuu wangu, kabla ya hiyo karatasi yao, hati yetu ilikuwa hii."

Nilifikiria hayo yote, nikafikiria na rent. Asubuhi nikanakili picha zote za mtaro kwenye flashi mbili, moja nikampelekea dadangu anayeishi Kibera. Halafu nikampigia mhesh mtarajiwa. Nikamwambia kazi nitaifanya, lakini picha hazitoki.

Mpaka leo hajanirudia.

Na wewe uliyekuwa tao Juni 2024, ukapiga, kisha ukafuta kwa sababu watu walikuwa wanatekwa: sikulaumu. Lakini kama bado unazo, zimekaa wapi? Kama ni kwa simu moja tu yenye skrini iliyopasuka, hiyo ni gereji ya Priya. Tafuta flashi leo.