Uso Usiocheka

Mtoto akirushwa na baba yake jukwaani, akatua huku anacheka, watazamaji hawacheki. Akitua amekauka kama gogo, wanashika mbavu. Buster Keaton alieleza kwamba aliligundua hilo akiwa bado mdogo, na uso ule mkavu ndio uliompa riziki.

Alizaliwa Kansas, Marekani, mwaka 1895. Wazazi wake walizunguka mji hadi mji na maonyesho ya jukwaani, naye akaingizwa humo wakawa The Three Keatons. Mtoto anamchokoza baba, baba anambeba na kumtupa huko. Nguo zake zilishonewa mshikio wa sanduku ili ashikike vizuri. Chama cha New York cha kuzuia ukatili kwa watoto kiliwaandama. Yeye mwenyewe, hadi uzeeni, alikana kwamba aliumizwa: alijua kuanguka, basi.

Mimi namwamini nusu. Mwaka 1924, wakati wa kupiga filamu ya Sherlock Jr., maji ya tangi la reli yalimporomosha, shingo ikagonga chuma. Akaendelea na kazi. Miaka mingi baadaye daktari aliona kwenye eksirei kwamba shingo iliwahi kuvunjika. Shahidi wa namna hii utamuuliza nini kuhusu utoto wake?

Kwenye sinema aliingia 1917, kwa filamu fupi ya Roscoe Arbuckle, The Butcher Boy. Wawili hao walikuwa na kichekesho cha ukuta. Katika Back Stage (1919), ukuta wa maigizo unamwangukia Arbuckle, uwazi wa dirisha unampitia, anabaki wima. Kufikia Steamboat Bill, Jr. (1928) ukuta ni mzito kweli, na Keaton amebakiziwa inchi chache tu kila upande. Hapo sicheki, nashika pumzi.

Naipenda zaidi One Week, ya 1920. Maharusi wanaunganisha nyumba iliyokuja vipande vipande kwenye masanduku, ila hasimu amebadilisha namba, nyumba inatoka kombo. Mwishoni wanaivuta, inakwama relini. Treni inakuja, wanafumba macho, inapita njia ya pembeni. Wanashusha pumzi. Treni nyingine inatokea upande wa pili na kuisambaratisha.

Keaton anasimika kibao cha kuuza, anaambatisha karatasi ya maelekezo, anamshika mkewe mkono, wanaondoka. Usoni hakuna kitu.