UZI: "Marekani bastola haihitaji kibali." Ni kweli, ama tunadanganyana?

1. Kila mara mjadala wa usalama ukipamba moto hapa kwetu, iwe ni wizi wa mifugo ama uporaji mjini, hakosi mtu wa kusimama jukwaani na kusema, "Marekani raia anabeba bastola bila kuomba ruhusa ya mtu. Sisi je?" Mwenzake anamjibu, "Ndiyo maana wanauana kila siku." Makofi pande zote mbili, na hakuna aliyeelewa kitu. Leo sitaji mwanasiasa wala chama. Nataka tuifuate hiyo sheria yenyewe: ilitoka wapi, na kwa kweli inasema nini.

2. Mbona nimeamka nayo? Mpwa wangu yuko Texas kwa visa ya masomo. Wiki jana akaniandikia kwa WhatsApp: "Mjomba, huku siku hizi kibali si lazima. Kuna jamaa ananiuzia bastola yake. Natoka maktaba usiku, nichukue ya kujilinda?" Nikamwambia asiguse kitu mpaka nimpigie simu. Nilichomwambia nitakisema chini kwenye sehemu ya 12, lakini nawaomba msiruke historia. Bila historia hamtaelewa kwa nini jibu lina mikunjo mingi hivyo.

3. Kwanza tutenganishe mambo matatu: kununua bunduki, kuwa nayo nyumbani, na kutembea nayo hadharani. Yote matatu yana sheria zake. Huu mjadala wa "bila kibali" unahusu la tatu peke yake, yaani kutoka nje na bastola kiunoni au ndani ya koti. Na kuhusu hilo la kutembea nayo, Marekani haina kibali kimoja cha nchi nzima. Kila jimbo lina utaratibu wake, halafu juu yake kuna sheria za serikali ya kitaifa. Kwa hivyo mtu akisema "Marekani wanaruhusu", muulize, jimbo gani?

4. Marekebisho ya Pili ya Katiba yao, yanayolinda haki ya watu kuwa na silaha, yalipitishwa 1791. Wengi hudhani tangu siku hiyo kila mtu alijibebea tu. Hapana. Mwaka wa 1813 majimbo ya Kentucky na Louisiana tayari yalikuwa yamepiga marufuku kuficha silaha mwilini. Fikra za wakati ule ziligeuka kabisa na za leo: anayeibeba wazi alionekana mtu mwaminifu, anayeificha alishukiwa kuwa ana nia ya kuua.

5. Sasa mahali panapouma. Vita vya wenyewe kwa wenyewe viliisha 1865, watumwa wakaachiliwa. Mwaka huohuo, jimbo la Mississippi likatunga sheria kwamba Mtu Mweusi aliyeachiliwa huru hawezi kuweka wala kubeba bunduki bila leseni ya bodi ya kaunti. Mzungu hakuwekewa sharti hilo. Florida nayo ikatunga sheria ya leseni 1893, bila kutaja rangi ya mtu. Lakini mwaka wa 1941, jaji mmoja wa mahakama ya juu ya jimbo hilo aliandika waziwazi kwamba sheria ile ilikusudiwa kuwapokonya silaha vibarua Weusi, na kwamba haikukusudiwa kutumiwa dhidi ya Wazungu. Jaji mwenyewe ndiye aliyesema, sio mimi.

6. Lakini tusiende na upande mmoja. Si kila sheria ya bunduki ilizaliwa na ubaguzi. Texas hii inayosifiwa leo kama nchi ya bunduki ilipiga marufuku kubeba bastola mwaka wa 1871, isipokuwa kwa sababu maalum, kwa kuwa watu walikuwa wanauana ovyo baada ya vita. Marufuku hiyo ilikaa zaidi ya miaka 120! Ni mwaka wa 1995 ndipo Texas ilipitisha sheria ya kutoa leseni ya kubeba bastola iliyofichwa. New York nayo ilianza kudai leseni 1911, jiji likiwa limechoshwa na mauaji ya bastola mitaani. Wenye hofu ya risasi walikuwa na sababu ya kuogopa.

7. Shida kubwa ya vibali vya zamani ilikuwa hii: afisa alikuwa na uhuru wa kukupa au kukunyima jinsi alivyoona. Januari 1956, nyumba ya Martin Luther King huko Montgomery, Alabama, ililipuliwa kwa bomu, mkewe na mtoto mchanga wakiwa ndani. Mwaka huohuo akaomba kibali cha kubeba bastola. Akanyimwa. Kama mtu aliyelipuliwa nyumba hana sababu ya kutosha, ni nani aliye nayo?

Na mwaka huohuo wa 1956, hapa kwetu Nyeri, mahakama ya mkoloni ilimhukumu Dedan Kimathi kifo kwa kupatikana na bastola na risasi bila idhini. Akanyongwa Februari 1957. Sisemi kesi hizo mbili ni sawa. Nasema tunaijua vizuri hali ya idhini kukaa mikononi mwa mtu asiyekutakia mema.

8. Mwaka wa 1967 California ikafunga mlango. Kundi la vijana Weusi wa Oakland lilikuwa likifuata doria za polisi likiwa na bunduki wazi, kuangalia kama wananchi wanadhulumiwa. Wakati ule kufanya hivyo hakukuwa kosa. Bunge la jimbo lilipoanza kujadili kuwazuia, wakaingia na bunduki zao hadi jengo la bunge, Sacramento. Mwaka haukuisha kabla ya sheria kupita: ni marufuku kubeba bunduki yenye risasi hadharani. Ajabu ni kwamba baadhi ya waliounga mkono sheria hiyo ni watu wa mrengo ambao leo hautaki kusikia neno "kibali". Siasa hugeuka kutegemea ni nani ameshika bunduki.

9. Mgeuko wa pili ulianzia Florida, 1987. Jimbo likasema: ukitimiza masharti (umri, mafunzo, rekodi safi), afisa hana hiari, ni lazima akupe. Majimbo mengi yakafuata mtindo huo. Illinois ndiyo iliyokuwa ya mwisho kuruhusu raia wa kawaida kubeba bastola iliyofichwa, mwaka wa 2013, na hata hapo ni kwa sababu mahakama ililazimisha.

Kutoka "ni lazima akupe" hadi "basi kibali cha nini?" haikuwa safari ndefu.

10. Vermont haikuwahi kuwa na kibali. Mwaka wa 1903 mji mmoja hapo ulijaribu kudai watu waombe ruhusa, mahakama ya juu ya jimbo ikaitupa kanuni hiyo. Kwa miaka 100 Vermont ikabaki peke yake, kijimbo cha mashambani ambacho wengi walikiona kama kituko. Halafu Alaska ikaondoa sharti la kibali 2003. Arizona 2010. Texas ikafika hapo Septemba 2021, ikafuatwa na Georgia na Ohio 2022, Florida 2023, na Louisiana Julai 2024. Ukihesabu kufikia hapo, ni majimbo 29 kati ya 50. Kwa hivyo yule msemaji wa jukwaani hajadanganya kabisa. Amesema nusu.

Katikati ya wimbi hilo, Juni 2022, Mahakama ya Juu ya Marekani iliamua kesi ya Bruen. New York ilikuwa inamtaka mwombaji athibitishe kwamba ana haja ya pekee kuliko watu wengine. Mahakama ikasema hilo linavunja Katiba, maana haki haiombewi sababu. Lakini sikilizeni: haikufuta vibali. Jimbo bado linaweza kudai leseni, mafunzo na uchunguzi wa rekodi, mradi masharti yawe wazi na afisa asichague anayempendeza. Na katika kesi hiyo kulikuwa na kitu ambacho hutakisikia kwenye majukwaa. Mawakili wa umma wanaotetea maskini wa New York, wakiwemo mawakili Weusi, waliandikia mahakama wakiunga mkono kuondolewa kwa sheria ile, kwa sababu waliokuwa wakishtakiwa kwa kukosa kibali wengi wao walikuwa vijana Weusi na wa asili ya Kilatino.

11. Haya, "bila kibali" maana yake nini basi? Maana yake ni kwamba mtu aliyeruhusiwa kisheria kuwa na bastola hahitaji leseni nyingine ya kutembea nayo katika jimbo hilo. Kuna mambo ambayo hayajabadilika:

Bado kuna umri. Majimbo mengine ni miaka 18, mengine 21.

Bado kuna watu waliokatazwa na sheria ya kitaifa, kwa mfano aliyewahi kuhukumiwa kwa kosa kubwa la jinai. Muuzaji mwenye leseni ni lazima akuchunguze rekodi kabla ya kukuuzia.

Bado kuna mahali marufuku: mahakama, majengo ya serikali ya kitaifa na kadhalika. Texas, baa inayopata asilimia 51 au zaidi ya mapato yake kwa pombe inayonywewa hapohapo hubandika ilani yenye namba hiyo kubwa nyekundu. Ukiiona, bastola haiingii. Na mwenye duka au kanisa ana haki ya kukukataza kwake.

Bado kuna shule. Sheria ya kitaifa inakataza bunduki ndani ya futi 1,000 za shule, karibu mita 300, na mwenye leseni ya jimbo hilo husamehewa. Yule anayebeba "bila kibali" hana leseni ya kumsaidia hapo. Ndiyo, kile kibali ambacho si lazima bado kinaweza kukuokoa.

Na bado kuna mipaka. Ruhusa ya Texas haivuki na wewe hadi New York au California. Ndiyo sababu hata majimbo yaliyoondoa sharti bado yanatoa vibali kwa anayetaka, kwa kuwa majimbo mengine huvitambua.

12. Sasa mpwa wangu. Sheria ya kitaifa, tangu 1998, inawakataza karibu wageni wote walioingia kwa visa za muda, wanafunzi wakiwemo, kuwa na bunduki au hata risasi. Kuna misamaha michache, kama mwenye leseni halali ya uwindaji. Asiye na karatasi za kuishi huko amekatazwa kabisa. Mwenye makazi ya kudumu yeye hakatazwi kwa sababu ya ugeni wake. Adhabu tangu 2022 inafika hadi miaka 15 jela, na baada ya hapo ni kurudishwa nyumbani.

Angeenda duka lenye leseni, fomu ingemuuliza kuhusu visa na pengine ingemwamsha. Lakini yule jamaa alikuwa anamuuzia mkononi, na Texas haidai uchunguzi wa rekodi kwa mauzo ya watu binafsi. Hakuna ambaye angemuuliza chochote mpaka siku ya kusimamishwa barabarani. Nikamwambia, "Kijana wangu, hiyo sheria unayoisikia haikuandikiwa wewe." Akanyamaza kidogo, akasema, "Lakini Mjomba, kila mtu hapa anasema ni sawa." Nikamwambia hao kila mtu hawatakaa jela naye. Sasa anatoka maktaba na wenzake wawili.

Wenye jamaa zenu huko Dallas, Atlanta, popote, watumieni hii sehemu hata kama hamtawatumia uzi wote.

13. Basi nani ana haki katika mjadala? Wanaotetea "bila kibali" wanasema mhalifu haombi leseni, kwa hivyo ada na foleni humzuia mnyonge mwenye nia njema peke yake. Kwa historia niliyoitaja, hoja hiyo si ya kuchekwa. Wanaopinga, wakiwemo baadhi ya wakuu wa polisi wa huko, wanasema kibali kilihakikisha angalau mtu amefunzwa na kuchunguzwa, na kwamba askari akimsimamisha mtu anahitaji njia ya kujua anashughulika na nani. Hiyo nayo ina uzito.

Na kibali chenyewe si kinga kwa kila mtu. Mwaka wa 2016 huko Minnesota, mwanamume Mweusi mwenye kibali halali alisimamishwa akiwa garini, akamwambia askari kwa upole kwamba ana bunduki, na sekunde chache baadaye akapigwa risasi akafa. Askari akashtakiwa, na 2017 akaachiliwa na mahakama. Karatasi ilikuwa sawa kabisa.

14. Turudi kwetu. Katiba yetu ya 2010 haimpi raia haki ya kumiliki bunduki. Sheria ya Bunduki, Sura ya 114, inataka uwe na cheti, na bila hicho ni jela. Kwa hivyo anayesema "tuige Marekani" hataki kubadilisha kanuni ndogo ofisini. Anataka tuanzishe haki ambayo haipo kwenye Katiba. Anaruhusiwa kulitaka, lakini aseme hivyo wazi. Na anayesema "mfumo wetu uko sawa" atuambie pia: masharti ya cheti ni yaleyale kwa mfanyabiashara wa Nairobi na kwa mfugaji wa Baringo? Akinyimwa mtu, anapewa sababu? Hayo ndiyo maswali Wamarekani wamegombania tangu Mississippi ya 1865, na hawajamaliza.

Mwisho wa uzi. Aliye na swali aweke hapa chini, nitajibu nikitoka kazini. Matusi wekeni kwenu.