Mizinga Kumi ya Rufiji

Neno "mzinga" lina asali na lina moto. Sisi wa Mchukwi hulijua kwanza kwa asali, lile gogo litundikwalo mtini; maana ya pili nililazimika kuikabili nilipofasiri habari za vita vya 1914. "Manowari" nayo, kama ajuavyo msomaji wa visiwani, tuliikopa kwa Waingereza tukaivika kanzu yetu.

Alfajiri ya tarehe 20 Septemba 1914, manowari ya Kijerumani Königsberg iliishambulia na kuizamisha Pegasus ya Waingereza katika bandari ya Zanzibar, ilipokuwa imetia nanga ili mitambo yake itengenezwe. Walikufa mabaharia zaidi ya 30, na makaburi yao yako Chapwani. Haukupita muda, mtambo wa Königsberg nao ukaharibika, ikarudi kujificha Salale, ndani ya mikoko ya delta ya Rufiji.

Vipuri vilivyoharibika vilifunguliwa, vikapelekwa kwa nchi kavu hadi karakana za Dar es Salaam, mwendo wa zaidi ya kilomita 100, kisha vikarudishwa. Reli ya Kati ilikuwa imefika Kigoma mapema mwaka huo, lakini ilielekea magharibi. Huku delta haikugeuza hata uso. Gari la moshi la Rufiji lilikuwa mabega ya watu, maelfu yao. Jina la nahodha, Max Looff, limo katika kila kitabu nilichokifungua juu ya vita hivyo. La mchukuzi hata mmoja sijalikuta, na mimi mwenye kazi ya kupima maneno naona pengo hilo ni zito kuliko chuma chenyewe.

Tarehe 11 Julai 1915, baada ya kupigwa na meli Severn na Mersey zikielekezwa na ndege, Königsberg ilizamishwa na mabaharia wake wenyewe. Mizinga yake 10, yenye mdomo wa sentimita 10.5, ikaopolewa majini, na watu wakaitwa tena kukokota. Huko Dar es Salaam ilitengenezewa magurudumu. Mmoja ulipanda gari la moshi hadi Kigoma, ukafungwa juu ya meli Graf von Götzen. Mingine ilifuata jeshi la Lettow-Vorbeck, ikapotea mmoja baada ya mwingine.

Götzen nayo ilizamishwa na Wajerumani mwaka 1916, ikaibuliwa na Waingereza mwaka 1924, na tangu 1927, kwa jina la Liemba, ikabeba abiria wa Ziwa Tanganyika kwa miongo mingi. Mizinga mitatu imesalia: Pretoria, Jinja na Mombasa. Huu wa Mombasa uko Fort Jesus, jirani na mzinga wa Pegasus.

Gamba la Königsberg lilionekana mtoni kwa miaka mingi. Katika miaka ya 1960 lilikatwakatwa kwa chuma chakavu, na kilichobaki kikamezwa na tope, wavuvi wa kamba wakipita juu yake na mitumbwi.