Ngazi Mbili katika Shule Moja: Kanuni za Kuwapandisha Walimu Vyeo Mbele ya Mahakama ya Kenya

Julai 2019, Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi jijini Nairobi iliamua kwamba mwongozo mpya wa kuwapandisha walimu vyeo, ujulikanao kama CPG, usitumike kwa wanachama wa Chama cha Kitaifa cha Walimu, KNUT. Hao wangeendelea kupanda kwa miundo ya utumishi ya zamani. Muda si muda ushindi huo ukawageukia walioupata. Tume ya Huduma kwa Walimu, TSC, ilishikilia kwamba nyongeza za mishahara katika mkataba wa pamoja wa 2017–2021 zilijengwa juu ya CPG, hivyo aliyeikataa CPG asidai nyongeza. Makumi ya maelfu ya walimu wakajiondoa katika chama.

Nadhani haki iligawanywa pasipofaa. Mstari ulipitishwa kati ya mwenye kadi ya chama na asiye nayo, ilhali ulipaswa kupita kati ya mwalimu aliyekwisha kuitegemea kanuni ya zamani na yule aliyeingia kazini baada ya kanuni hiyo kufutwa.

Tumtazame mwalimu wa cheti cha P1, cheti cha ualimu wa shule za msingi. Chini ya muundo wa zamani aliajiriwa katika kundi la kazi G, na akipata shahada inayotambuliwa alipandishwa hadi K. Huu haukuwa uvumi wa chumba cha walimu. Ulikuwa utaratibu wa mwajiri mwenyewe, na wenzake waliomtangulia walikuwa wamepanda kwa njia hiyo hiyo akiona. Ndipo likizo za Aprili, Agosti na Desemba zikaishia katika madarasa ya vyuo vikuu, karo ikitoka kwenye mikopo ya sacco iliyokatwa katika mshahara mwezi baada ya mwezi. CPG ilipokuja, shahada peke yake ikaacha kumpandisha mtu: nafasi itangazwe, aombe, ahojiwe, ashindane. Aliyehitimu mapema alivuka. Mwenzake aliyebakiza mwaka mmoja alibaki na shahada, mkopo na cheo kile kile.

TSC ina hoja nzito, na si haki kuipuuza. Ibara ya 237 ya Katiba ya 2010 inaikabidhi jukumu la kuwapandisha walimu vyeo, na Ibara ya 232 inataja ushindani wa haki na ustahili kuwa msingi wa kupandishwa katika utumishi wa umma. Hakuna mwajiri anayefungwa na kanuni moja milele, wala hazina ya serikali haiwezi kulipa kila shahada bila kuuliza kama nafasi ipo. Ila hoja hizi zinahalalisha kubadili kanuni kwa siku zijazo tu. Hazielezi kwa nini aliyekuwa katikati ya safari aachwe njiani.

Sheria ya Kenya tayari ina kipimo chake. Mwaka 2014, katika kesi ya Tume ya Mawasiliano dhidi ya Royal Media, Mahakama ya Juu ilieleza lini matarajio halali huzaliwa: pawe na ahadi iliyo wazi kutoka kwa mamlaka ya umma, matarajio yenyewe yawe ya busara, aliyeahidi awe na uwezo wa kisheria wa kuahidi, na ahadi isikinzane na sheria. Mwalimu wa P1 aliyekuwa amesajiliwa chuoni kabla ya CPG anakidhi masharti hayo kwa urahisi zaidi kuliko wadai wengi ninaowafahamu katika sheria ya utumishi.

Kuhusu nyongeza, mgawanyo ule una kasoro nyingine. Kifungu cha 59 cha Sheria ya Mahusiano ya Kazi ya 2007 kinasema mkataba wa pamoja huwafunga pia wafanyakazi wote wa mwajiri walio katika kundi linaloweza kujiunga na chama. Kadi haiulizwi. Walimu wawili wanaofundisha darasa moja hawawezi kulipwa kwa mikataba miwili kwa sababu tu mmoja wao hukatwa ada ya chama.

Mwaka 2021 uongozi mpya wa KNUT ulirudi mezani, na mkataba wa 2021–2025 ukatiwa saini bila nyongeza ya mshahara. Yalikuwa maridhiano ya chama na mwajiri. Dai la mwalimu binafsi chini ya Ibara ya 47, ya utendaji wa haki wa kiutawala, haliwezi kumalizwa kwa saini ya kiongozi wa chama. Ibara ya 23 inaipa mahakama uwezo wa kutoa nafuu inayolifaa jambo lenyewe: kuitaka TSC iweke tarehe ya mpito, iwatambue waliokuwa vyuoni kabla ya tarehe hiyo, na iwapime kwa muundo waliouanza, wawe wanachama wa KNUT, wa chama kingine, au wasiwe na chama chochote.