Dawa Iliyopitia Mlango wa Uani

Wahenga walisema adhabu ya kaburi aijuaye maiti. Mimi niliuelewa usemi huo mwaka 2011, nikiwa na umri wa miaka 61 na nimekwisha staafu ualimu. Mkanda wa jeshi ulinishika mbavu za kushoto. Baada ya majuma matatu malengelenge yalikauka, majirani wakaja kunipa hongera ya kupona, nami nikadhani mambo yamekwisha. Kumbe ndiyo kwanza yanaanza. Ngozi ilipona, maumivu yakabaki ndani. Shati likinigusa ubavu ilikuwa kama nimewekewa pasi ya mkaa, na usiku shuka ikinipapasa nilishtuka kama mtu aliyeumwa na nge.

Ubaya wa maumivu ya namna hii ni kwamba hayana cha kuonyesha. Mwenye jeraha huonewa huruma. Asiye na jeraha hutazamwa usoni kama anayetafuta kudekezwa.

Daktari alinisikiliza, akaniandikia vidonge vya amitriptilini, nimeze kimoja kila usiku. Katika duka la dawa, muuzaji alikisoma cheti changu, kisha akaniuliza mbele ya watu kama mgonjwa wa akili ni mimi mwenyewe au nimetumwa. Nilijibu kwamba nimetumwa. Vidonge nikavificha katika kopo la majani ya chai. Nilimeza siku tatu, nikaona mdomo unakauka na kichwa kinakuwa kizito asubuhi, nikaacha. Mama watoto alipouliza, nilimwambia daktari amenisimamisha. Katika miaka 34 ya ndoa yetu, sikumbuki kumdanganya jambo kubwa kuliko hilo.

Lakini swali la yule muuzaji halikuniacha. Kwa nini mtu mwenye ubavu unaoungua apewe dawa ya wenye huzuni? Kwa kuwa mwalimu hastaafu kusoma, nilianza kutafuta habari za dawa hizi, na nilichokuta ndicho ninachotaka kukueleza, ndugu msomaji.

Wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe huko Marekani, daktari Silas Weir Mitchell na wenzake walitibu katika mji wa Philadelphia askari waliopigwa risasi kwenye mishipa ya fahamu. Mwaka 1864 walichapa kitabu juu ya waliyoyaona. Walikuwapo askari ambao vidonda vyao vilikwisha funga, lakini mkono au mguu uliendelea kuwaka moto. Wengine walitembea na chupa ya maji wakilowesha mkono mchana kutwa, na wengine walimimina maji ndani ya viatu. Mitchell hakuwaita waongo. Aliandika walivyosema, akawapa alichokuwa nacho, nacho kilikuwa sindano za mofini.

Dawa nyingine zilikuja kwa mlango wa uani. Ufaransa, katika karne ya 19, daktari Trousseau aliona kwamba maumivu makali ya uso yanayokuja ghafla na kuondoka ghafla yanafanana na kifafa. Mwaka 1942, Mfaransa mwingine, Bergouignan, aliwapa wagonjwa wa maumivu hayo fenitoini, dawa ya kifafa, nao wakapata nafuu. Mwaka 1953 mkemia Walter Schindler alitengeneza karbamazepini huko Uswisi, na mwaka 1962 daktari Blom wa Sweden aliandika kwamba nayo inatuliza maumivu ya uso. Gabapentini ilifuata njia hiyo hiyo: Marekani iliiruhusu kwa kifafa mwaka 1993, na kwa maumivu yanayobaki baada ya mkanda wa jeshi mwaka 2002.

Na yangu je? Amitriptilini ilianza kuuzwa mwaka 1961 kwa ajili ya wenye huzuni kali. Mwaka 1982 madaktari wa Canada waliijaribu kwa wagonjwa 24 wa maumivu kama yangu, na 16 kati yao walipata nafuu ya kuridhisha. Wengi wao hawakuwa na huzuni ya kutibiwa, na dozi ilikuwa ndogo kuliko ile ya wenye huzuni. Maana yake ni kwamba dawa haikuwa ikitibu akili. Mshipa ulioharibika ni kama kengele inayolia wakati mlangoni hapana mtu. Kwenye uti wa mgongo na ubongo mwili una njia zake za kuinyamazisha, na dawa hii huzipa nguvu njia hizo. Aspirini hutuliza jeraha. Hapa jeraha lilikuwa limekwisha ondoka.

Niliposoma hayo nilimwita mama watoto, nikamwonyesha kopo. Alinyamaza kidogo, kisha akasema, "Baba, mimi nilidhani umechoka na mimi, ndiyo maana hutaki niguse ubavu wako." Kesho yake tulirudi kwa daktari wote wawili. Alinipunguzia dozi, nianze na nusu kidonge, nimeze mapema jioni, na akaniambia nisitegemee lolote kabla ya majuma kadhaa. Ilikuwa kama alivyosema. Maumivu hayakuisha, ila yalishuka hadi mahali ambapo mtu anaweza kuvaa shati na kwenda msibani.

Sisemi kwamba dawa hizi humfaa kila mtu. Wako wasiopata nafuu, na wako wanaozuiliwa kwa sababu ya moyo au macho. Si za kuazimana, wala si za kuachwa ghafla bila kumwuliza daktari. Ninachosema ni kwamba kila mlango katika historia hii ulifunguliwa na daktari aliyemsadiki mgonjwa asiye na kidonda. Upande wangu, nilitakiwa nisione haya ya dawa iliyokuja kwa jina la ugonjwa mwingine. Mficha maradhi kifo humwumbua, na mimi karibu niumbuliwe na kopo la chai.

Sasa vidonge vinakaa mezani, karibu na miwani yangu. Mgeni akiuliza ni vya nini, namwambia.