Jinsi miji ya Wahispania ilivyopanga tabaka za kikoloni ng'ambo ya Atlantiki

MNAMO Julai 13, 1573, Mfalme Philip wa Pili wa Uhispania alitoa amri yenye vifungu 148 kuhusu namna ya kuzifikia nchi mpya, kuzikalia na kuzituliza. Sehemu kubwa ya amri hiyo ilizungumzia mambo ambayo kwa mtazamo wa kwanza yalionekana madogo: upana wa barabara, ukubwa wa uwanja na mahali pa kuweka kichinjio.

Hata hivyo, vipimo hivyo vilisaidia kuamua nani angeishi karibu na mamlaka na nani angesukumwa pembezoni katika makoloni yaliyoenea kutoka Mexico hadi Chile. Mji ulikuwa chombo cha utawala kama ulivyokuwa upanga au kitabu cha sala, na athari zake zilidumu kuliko upanga wenyewe.

Kifungu kimoja cha amri hiyo kinafichua nia yake waziwazi. Wahamiaji waliagizwa wajiepushe na wenyeji wakati mji ulipokuwa ukijengwa, wala wasiwaruhusu kuingia hadi ujenzi ukamilike. Lengo lilikuwa kwamba wenyeji wauonapo mji uliokwisha kusimama wastaajabu, watambue kuwa Wahispania wamekuja kukaa daima, na wawaogope na kuwaheshimu.

Kamba na rula

Kwa mujibu wa amri ya 1573, mji ulipaswa kupimwa kwa kamba na rula kuanzia uwanja mkuu. Mji ukiwa pwani, uwanja huo uliwekwa karibu na bandari; ukiwa bara, uliwekwa katikati. Urefu wake ulitakiwa uwe angalau mara moja na nusu ya upana, kwa sababu umbo hilo lilifaa kwa sherehe zenye farasi.

Ukubwa wa chini kabisa ulikuwa futi 200 kwa 300, na uliopendekezwa ni futi 400 kwa 600. Barabara kuu nne zilitoka katikati ya kila upande wa uwanja. Kandokando yake ziliwekwa baraza zenye nguzo na paa, ili wafanyabiashara wajisitiri kutokana na jua na mvua.

Sheria hiyo ilizingatia hata hali ya hewa. Penye baridi barabara ziwe pana, na penye joto ziwe nyembamba ili kuwe na kivuli. Kichinjio, maduka ya samaki, viwanda vya ngozi na shughuli nyingine zenye uvundo vilitengwa mahali ambapo uchafu ungeondolewa kwa urahisi.

Viwanja vilivyozunguka uwanja mkuu havikugawiwa watu binafsi kwanza. Vilihifadhiwa kwa ajili ya kanisa, majengo ya mfalme, baraza la mji na maduka. Vilivyosalia ndivyo vilivyopigiwa kura miongoni mwa wahamiaji.

Lakini mfalme hakuwa akibuni jambo jipya. Alikuwa akiandika kwa wino mambo ambayo watu wake walikuwa wamekwisha kuyatenda kwa miaka 70. Gavana Nicolás de Ovando aliuhamisha mji wa Santo Domingo hadi ukingo wa pili wa Mto Ozama mnamo 1502, akaupanga kwa barabara zilizonyooka. Lima, iliyoasisiwa na Francisco Pizarro mnamo Januari 18, 1535, ilichorwa kama ubao wa drafti wenye miraba 117.

Umbali kutoka uwanjani

Katika miji hiyo, hadhi ya mtu ilipimwa kwa umbali kati ya mlango wake na uwanja mkuu. Pizarro mwenyewe alijitengea ardhi kando ya uwanja wa Lima, na ikulu ya Peru ingali imesimama mahali hapo. Washirika wake wa vita walipata viwanja vya jirani, ilhali waliowasili baadaye waliambulia miraba ya mbali.

Aliyemiliki nyumba na kuishi mjini na familia yake alitambuliwa kuwa mkazi kamili, cheo kilichoambatana na haki ya kushiriki mambo ya baraza la mji. Asiyekuwa na makao ya namna hiyo alihesabiwa kuwa mpita njia, hata akiwa Mhispania. Kwa hiyo nyumba haikuwa makazi tu. Ilikuwa cheti cha uraia.

Uwanja nao ulikuwa jukwaa la dola. Hapo palifanyika soko asubuhi na maandamano ya kidini jioni. Hapo pia ndipo amri za mfalme zilipotangazwa na wahalifu kunyongwa. Mtu aliyetoka kununua mboga aliweza kuyaona mamlaka yote matatu, yaani kanisa, ikulu na baraza, bila kuhamisha mguu.

Mawe ya mahekalu

Mahali ambapo palikuwa na miji mikubwa kabla ya ujio wa Wahispania, watawala wapya walichagua kujenga juu yake. Tenochtitlan, makao makuu ya Waazteki yaliyokuwa kisiwani katikati ya ziwa, yalitekwa na Hernán Cortés pamoja na maelfu ya wenyeji waliomuunga mkono mnamo Agosti 13, 1521. Alonso García Bravo alipewa kazi ya kuchora mji mpya juu ya magofu hayo.

Waliobeba mawe ni wenyeji. Mtawa Motolinía, aliyefika Mexico mnamo 1524, aliorodhesha ujenzi huo miongoni mwa mapigo kumi yaliyowaangamiza wenyeji, akiufananisha na mapigo ya Misri katika Biblia. Mahekalu yalibomolewa na mawe yake yakatumika kujengea makanisa na nyumba za washindi.

Huko Cusco, mji mkuu wa Wainka, kanisa na makao ya watawa wa Santo Domingo yalijengwa juu ya Qorikancha, hekalu la jua. Tetemeko la Mei 21, 1950 lilipobomoa sehemu kubwa ya jengo hilo la kikoloni, kuta za Wainka zilizokuwa zimefichwa ndani yake zilionekana zikiwa zimesimama imara.

Uamuzi wa kujenga juu ya ziwa uliwagharimu Wahispania pia. Mafuriko ya 1629 yaliizamisha Mexico kwa takriban miaka mitano. Pendekezo la kuuhamishia mji penye ardhi kavu lilikataliwa, kwani thamani ya nyumba, makanisa na nyumba za watawa ilikuwa kubwa mno kuachwa. Mzigo wa kuchimba mifereji ya kuondoa maji uliendelea kuwaangukia vibarua wenyeji.

Jamhuri mbili

Sheria za Uhispania ziligawa jamii katika kile kilichoitwa jamhuri mbili, moja ya Wahispania na nyingine ya wenyeji. Mgawanyiko huo ulichorwa ardhini. Jijini Mexico, miraba ya katikati ilikuwa ya Wahispania, nao wenyeji wakaachiwa vitongoji vilivyoizunguka, vikiwa na viongozi na makanisa yao.

Hatua kali zaidi ilichukuliwa Peru. Kuanzia miaka ya 1570, makamu wa mfalme Francisco de Toledo aliamuru wenyeji wa milima ya Andes waache makazi yao yaliyotawanyika na wahamie miji mipya. Inakadiriwa kuwa zaidi ya watu milioni moja walihamishwa. Kila mji mpya ulikuwa na uwanja, kanisa, ofisi ya baraza na gereza, na barabara zilizonyooka ili padri na mkusanya kodi wamwone kila mtu.

Uhamisho huo ulivuruga kilimo kilichotegemea mashamba yaliyotapakaa katika miinuko mbalimbali, viazi juu na mahindi chini. Kadhalika, msongamano ulirahisisha kuenea kwa magonjwa. Ulirahisisha pia kuwahesabu wanaume waliopelekwa kwa zamu kuchimba fedha katika mlima wa Potosí, ambako madini hayo yaligunduliwa mnamo 1545.

Wengi hawakukubali. Baadhi walirejea kimyakimya kwenye makao ya mababu zao, na wengine walikimbilia wilaya ambako hawakujulikana ili kuepuka zamu ya migodini.

Waafrika ndani ya mpango

Jamhuri hizo mbili hazikutaja kundi la tatu ambalo bila hilo miji isingesimama. Sensa ya Lima ya mwaka wa 1614 ilihesabu wakazi 25,454, na kati yao 10,386 walikuwa watu weusi, idadi iliyowapita Wahispania. Wengi wao walikuwa watumwa.

Waashi, maseremala, wapishi, wachukuzi wa maji na yaya walitoka miongoni mwao. Waliishi ndani ya nyumba kubwa za mabwana, katika ua wa nyuma, hatua chache kutoka vyumba vya wenye mali. Wengine, hasa waliokuwa huru, waliishi San Lázaro, ng'ambo ya Mto Rímac, mtaa uliokuwa na hospitali ya wenye ukoma.

Cartagena, bandari kuu ya kuingizia watumwa katika nchi ambayo leo ni Colombia, ilizungushiwa ngome na kuta nene dhidi ya maharamia. Waliotoroka humo nao walijijengea miji yao msituni, wakaizungushia boma la miti. Maarufu zaidi ni San Basilio de Palenque, ambao wakazi wake wangali wanazungumza lugha yao yenye maneno ya asili ya Kibantu. Shirika la UNESCO liliutambua utamaduni wao mnamo 2005.

Mpango wagonga mwamba

Mstari uliochorwa kwa kamba ulishindwa kuwatenganisha watu. Kufikia karne ya 17, wenyeji wengi wa Mexico walikuwa wamehamia katikati ya mji, wakipanga vyumba katika nyua za Wahispania waliohitaji kodi na nguvu kazi yao. Watoto wa mchanganyiko walizaliwa kwa wingi, nao hawakuwa na mahali palipotajwa katika ramani.

Juni 8, 1692, wakati wa uhaba wa mahindi, ulienea uvumi kwamba mwanamke mmoja mwenyeji amefariki baada ya kupigwa kwenye ghala la nafaka. Umati ulikusanyika katika uwanja mkuu na kuteketeza ikulu ya makamu wa mfalme pamoja na jengo la baraza. Msomi Carlos de Sigüenza y Góngora alisaidia kuokoa nyaraka za mji kutoka motoni.

Msomi huyohuyo aliombwa baadaye achore mpaka wa kuwatenga wenyeji. Waliamriwa kurudi vitongojini, lakini agizo hilo halikudumu. Wahispania wenyewe ndio waliokuwa wakiwakodishia vyumba na kuwaajiri.

Lima nayo ilipata mtihani wake Oktoba 28, 1746, tetemeko lilipoiangusha sehemu kubwa ya mji huo, nayo mawimbi ya bahari yakaifagia bandari ya Callao na kuwaua karibu wakazi wake wote. Mtaalamu wa hisabati kutoka Ufaransa, Louis Godin, alishauri barabara zipanuliwe na nyumba za ghorofa zipigwe marufuku.

Makamu wa mfalme José Manso de Velasco aliunga mkono wazo hilo, lakini matajiri walilipinga. Kwao ghorofa na roshani za mbao zilikuwa alama ya ukoo bora; kuishi katika nyumba fupi kulimaanisha kulingana na mtu wa kawaida. Hatimaye walioshinda ni matajiri, ingawa kuta za juu zilianza kujengwa kwa fito na udongo ili zisiue zikianguka.

Mkono uleule Mombasa

Mfalme aliyetoa amri ya 1573 hakuwa mgeni katika historia ya pwani ya Kenya. Mnamo 1581 Philip alitambuliwa pia kuwa mfalme wa Ureno, na ni katika utawala wake ambapo Wareno walianza kujenga Fort Jesus mnamo 1593, kwa mchoro wa Mwitaliano Giovanni Battista Cairati.

Tofauti ni kwamba Mombasa Wareno walijenga ngome kando ya mji wa Waswahili uliokuwapo kwa karne nyingi, bila kuupanga upya kwa kamba na rula. Ngome hiyo ilitekwa na Waomani mnamo 1698, lakini mji uliendelea na vichochoro vyake. Amerika, ambako mji wote ulipangwa na mkoloni, utawala wa Uhispania ulidumu kwa takriban miaka 300.

Hata baada ya uhuru, ramani haikubadilika. Maandamano ya kisiasa Mexico na Lima yangali yanaelekea kwenye viwanja vilevile. Mwaka wa 1978, wafanyakazi wa kampuni ya umeme waliokuwa wakichimba karibu na kanisa kuu la Mexico waligonga jiwe kubwa lililochongwa sura ya mungu wa kike Coyolxauhqui. Ugunduzi huo ulisababisha kufukuliwa kwa hekalu kuu la Waazteki.

Jijini Lima, sanamu ya Pizarro akiwa juu ya farasi iliondolewa karibu na uwanja mkuu mnamo 2003 kufuatia malalamiko kwamba ilimtukuza mvamizi. Januari 2025, mji huo ulipotimiza miaka 490, ilirejeshwa karibu na uwanja huo, na mjadala ukazuka upya. Baada ya karibu karne tano, suala la nani anastahili kusimama karibu na uwanja lingali linawagawanya wakazi wa mji alioupima.