Shaka ya Mtunza Bustani

Mji wa Thika ulipata umaarufu wake ng'ambo kwa njia ya kitabu, maana tangu Elspeth Huxley alipotoa The Flame Trees of Thika mwaka 1959, akisimulia utoto wake katika shamba la wazazi wake waliofika huku mwaka 1912, na hasa tangu runinga ya Uingereza ilipokigeuza kuwa mchezo wa mfululizo mwaka 1981, wageni hawakukoma kushuka katika hoteli ya Blue Posts, penye maporomoko ya Chania, wakiitafuta ile Kenya ya mikahawa na chai ya jioni. Sisi tukaao Kiuu, upande wa Githurai, ambako reli ipandayo Thika hupita ubavuni mwa soko, hatumo katika masimulizi hayo. Lakini kiko kitabu kingine cha Mwingereza, nacho kikawa filamu, ambacho hakisimulii habari za Thika, nami nathubutu kusema kwamba kinatuhusu zaidi, kwa sababu kilichoelezwa humo si mandhari bali ni hali ya nafsi tuliyoizoea: hali ya mtu aliyeambiwa jambo na wakubwa, akalitikia kwa kichwa, huku moyo wake ukikataa.

Kitabu hicho ni The Constant Gardener, riwaya ya John le Carré iliyotoka mwaka 2001. Jina lake halisi mwandishi huyo lilikuwa David Cornwell, aliyezaliwa 1931 na kufariki Desemba 2020, na kabla ya kuishi kwa kalamu alikuwa mtumishi wa idara za ujasusi za Uingereza, kwa hiyo elimu ya kufichana na kufichuana hakuipata kwa kusoma. Mhusika wake, Justin Quayle, ni mwanadiplomasia mpole katika Ubalozi wa Uingereza jijini Nairobi, mpenda maua, asiyeuliza maswali. Mkewe Tessa, kijana na mwanasheria, huuliza yote, na kwa sababu hiyo anauawa karibu na Ziwa Turkana, baada ya kugundua kwamba dawa ya kifua kikuu iitwayo Dypraxa inajaribiwa kwa maskini wasiojua madhara yake. Msomaji wa haraka atadhani kisa ni cha kampuni za dawa. Waama kisa ni cha mume: marehemu alisafiri na daktari Mwafrika, Arnold Bluhm, nayo minong'ono ya ubalozini inasema walikuwa wapenzi, na yule mjane mwanamume inampasa kwanza apigane na wivu wake mwenyewe, achunguze barua na nyaraka za mkewe kana kwamba yeye ndiye mshitaki, mpaka atambue kwamba uchafu ule wa maneno ulipandwa kwa makusudi ili uchunguzi uishie kitandani usifike maabarani.

Wengi waliosoma walikumbuka yaliyotokea Kano, Nigeria, mwaka 1996, wakati wa homa ya uti wa mgongo, kampuni ya Pfizer ilipoijaribu dawa ya Trovan katika jaribio la watoto wapatao 200, nusu yao wakipewa Trovan na nusu dawa nyingine, na 11 kati yao wakafa. Kampuni ilishika kwamba kilichowaua ni maradhi, si dawa, na mwaka 2009 ikapatana na serikali ya jimbo la Kano kwa fidia ya dola milioni 75. Mfano huo una haki yake, ila mimi naona msomaji wa Kenya hakuhitaji kwenda Kano.

Alikuwa na yake. Septemba 1988 mabaki ya Julie Ward, msichana wa Kiingereza aliyekuwa akipiga picha za wanyama, yalionekana katika Maasai Mara, na wakuu wakatangaza kwamba aliliwa na wanyama. Baba yake, John Ward, hakukubali, akaja na kurudi, akatumia mali yake, akauliza mlango kwa mlango, hata mwaka 1989 mahakama ikathibitisha kwamba binti aliuawa. Walinzi wawili wa mbuga walishitakiwa wakaachiliwa mwaka 1992, na aliyekuwa mkuu wa walinzi akaachiliwa mwaka 1999. Katikati ya mambo hayo, Februari 1990, Waziri wa Mambo ya Nje, Dkt. Robert Ouko, alipatikana ameuawa na kuchomwa karibu na kilima cha Got Alila, na mtaalamu wa serikali akatoa rai kwamba huenda marehemu alijiua mwenyewe. Tume iliyoundwa kuchunguza ilivunjwa na Rais Moi Novemba 1991 kabla haijamaliza kazi. Basi mtu aliyekwisha kusikia hayo, akifungua riwaya na kukuta maiti nyikani, maelezo rasmi yasiyoingia akilini, na jamaa mmoja wa marehemu asiyekubali kunyamaza, atasema hiki ni kitabu cha kubuni?

Si ajabu basi kwamba zama za Moi kitabu hakikukaribishwa katika maduka ya Nairobi, kwa kuwa kilizitaja rushwa za serikali bila kuzifunika. Ila serikali ilibadilika mwishoni mwa 2002, na mwaka 2004 mtayarishaji Simon Channing Williams, ambaye awali alifikiri kupiga picha Afrika ya Kusini, akaja Kenya pamoja na mwelekezi Mbrazili, Fernando Meirelles. La kushangaza ni kwamba aliyewasaidia sana ni Balozi wa Uingereza, Edward Clay, yule yule ambaye mwaka huo huo aliwakemea mawaziri wa Kenya juu ya ufisadi kwa lugha ambayo mabalozi hawaitumii. Naye alijua vema kwamba riwaya inawapaka matope mabalozi.

Picha zilipigwa Kibera, Loiyangalani na Magadi. Meirelles na mpiga picha wake, César Charlone, walibeba kamera mikononi, wakaiacha itikisike miongoni mwa watu, na pale Rachel Weisz, aliyecheza Tessa, anapotembea juu ya reli ya Kibera, mtu wa Githurai hahitaji kuelezwa kitu, kwa kuwa anaijua namna ile ya kusikiliza treni huku macho yakiwa kwenye bidhaa. Muziki ulitungwa na Mhispania Alberto Iglesias, lakini sauti ibakiayo masikioni ni ya Ayub Ogada na wimbo wake Kothbiro, uliokuwepo miaka mingi kabla ya filamu. Filamu ilitoka mwaka 2005, na mwaka uliofuata Weisz akapata tuzo ya Oscar ya mwigizaji msaidizi. Watengenezaji nao waliunda mfuko wa hisani kwa ajili ya Kibera na Loiyangalani, tendo la wema ambalo sitalidharau, ingawa katika filamu yenyewe watu wa mahali hapo ni wagonjwa na wapita njia zaidi ya kuwa watu wenye shauri lao.

Ama ufundi wa kuhamisha riwaya, mwandishi wa mswada wa filamu, Jeffrey Caine, alikata safari nyingi, ikiwemo ile ya Kanada, na akaileta mbele mahabba ya wawili ambayo kitabuni huonekana kwa kumbukumbu tu. Kwa njia hiyo shaka ya Justin, iliyoigizwa na Ralph Fiennes kwa uso mtulivu unaovunjika polepole, inakuwa shaka ya mtazamaji pia, kwani tunamwona Tessa akicheka na Bluhm na sisi hatujui tuseme nini.

Mwishoni njia za filamu na kitabu zinaachana. Katika vyote viwili Justin anarudi mahali alipofia mkewe, akawangoja wauaji, nao wanamwua. Serikali inatangaza kwamba alijiua. Katika filamu, ibadani London, jamaa wa Tessa anasimama kanisani akaisoma kwa sauti barua inayomfedhehesha Sir Bernard Pellegrin, mkubwa wa Wizara ya Mambo ya Nje ya Uingereza, mbele ya waombolezaji, na mtazamaji anaondoka na faraja yake. Le Carré hakuandika hivyo. Kwake wakubwa hawaadhibiwi, na nyaraka za Tessa hazimwangushi mtu. Nami, mwenye kukumbuka tume iliyovunjwa 1991, naliamini toleo la kitabu.